UZI: Muajiri aliyelimbikiza michango ya pencheni akikimbilia mahakamani, asamehewe nini na asisamehewe nini?

MhasibuWaChake (mleta uzi)

Assalaam alaykum wanajamvi.

Jambo hili nimelikalia muda mrefu, leo naliweka hapa tulijadili kwa utulivu. Muajiri anamkata mfanyakazi kila mwezi. Slipu ya mshahara inaonesha makato. Fedha haifiki kwenye mfuko wa hifadhi ya jamii. Mwezi unapita, mwaka unapita, faini inarundikana juu ya deni. Siku mfuko unapokuja na hati ya madai, muajiri anatafuta wakili na anakwenda mahakamani kuomba nafuu: utekelezaji usimamishwe kwanza, faini ipunguzwe, deni lilipwe kwa awamu. Na mahakama za nchi nyingi zina uwezo wa kumsikiliza na kumpa.

Sipingi asikilizwe. Kazi yangu ni kuandika hesabu za biashara ndogo ndogo, hapa Chake Chake, Pemba, na nyengine Unguja pwani, na nimewaona waajiri waliokwama kikweli. Kinachonikera ni kimoja. Wanaokaa wakabishana kwenye kesi hii ni mfuko na muajiri. Mwenye fedha hayumo. Yeye yuko jikoni anapara samaki wa wageni, au yuko getini usiku analinda. Hakuitwa, hakuulizwa, na mara nyingi hajui hata kama kuna kesi. Kila mwezi ambao mahakama inamuongezea muajiri, anayemkopesha ni yule mpara samaki.

Deni hili watu hulitaja kwa jumla, "anadaiwa milioni kadhaa", lakini ndani yake mna fedha za aina tatu na hazifanani. Kuna fungu lililokatwa kwenye mshahara wa mfanyakazi. Kuna fungu la muajiri mwenyewe linalowekwa juu ya lile. Halafu kuna nyongeza ya ucheleweshaji. Hapa kwetu, Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar (ZSSF) ulipoanzishwa kwa Sheria Namba 2 ya 1998, mfanyakazi alikatwa 5% na muajiri akaweka 10%. Sheria iliandikwa upya 2005 na viwango vimepanda tangu hapo, lakini muundo umebaki ule ule: fungu dogo la mfanyakazi, kubwa la muajiri. Sasa lile dogo halijawahi kuwa mali ya muajiri hata kwa saa moja. Mshahara ulishafanyiwa kazi, ukakatwa, yeye kapewa aufikishe tu. Akilinunulia dizeli ya jenereta katumia fedha ya mtu, na hilo halifai kuitwa kuchelewa.

Kwa hivyo msimamo wangu nausema wazi. Mahakama ikitaka kuona huruma, iione kwenye faini. Kwenye fungu la muajiri iangalie hali, itoe awamu fupi zenye tarehe. Kwenye makato ya mfanyakazi isimpe hata wiki. Na isitoe amri yoyote kabla wafanyakazi hawajaambiwa na kupata mtu wa kuwasemea.

Karibuni. Waajiri khasa, nataka kuwasikia.

MwenyeGestiJambiani

Waalaykumu salaam. Umetaka waajiri, mimi ni mmoja. Nina gesti ya vyumba vichache.

Ndugu mhasibu, unazungumza kama kwamba fedha iko kwenye droo na muajiri kaamua kuila. Njoo pwani mwezi wa Aprili na Mei. Masika yamekaza, hoteli nyengine zinafunga kabisa, wageni hakuna, na wafanyakazi siwezi kuwarudisha makwao kwa sababu Julai nikiwahitaji nitaambiwa wako Nungwi kwa tajiri mwengine. Nawalipa. Mshahara wa mkononi nautoa kwa shida, lile la mfuko linabaki kwenye karatasi. Hapo ndipo nyinyi watu wa hesabu hamuoni: yale makato mara nyingi hayakuwahi kuwepo kama fedha. Nilichokuwa nacho ni cha kutosha kulipa mshahara uliobaki baada ya kukatwa, basi.

Halafu kuna miaka ambayo hakuna muajiri aliyeiomba. Waliokuwepo wanakumbuka umeme ulipozimika Unguja nzima kuanzia Disemba 2009 hadi Machi 2010. Miezi mitatu biashara inakwenda kwa jenereta, na anayeweza kununua mafuta ndiye anayefungua mlango. Ikaja 2020. Wageni walioingia Zanzibar mwaka 2019 walipindukia 538,000. Mwaka uliofuata hawakufika 261,000. Nusu ya riziki imekatika ndani ya mwaka mmoja, na sisi wadogo hatukuwa na benki ya kutubeba.

Mtu akija akaniambia sheria ni sheria, azuie akaunti yangu leo, kesho wafanyakazi wangu wote wako barazani kwao hawana kazi, na mfuko nao haupati kitu. Nafuu ya mahakama ndiyo inayoniacha wazi nikaweza kulipa. Khasa faini. Faini inanila kuliko deni lenyewe.

BintiKikwajuni

Nitasema kidogo, maana nikilizungumza hili napandwa na hasira.

Nilifanya kazi hoteli moja huko mashariki, jina silitaji. Slipu zangu zote zina makato. Nilipojifungua mtoto wa kwanza nikaenda kuulizia fao la uzazi, kwa sababu mfuko wetu unalo. Nikatolewa taarifa yangu ya michango, naiangalia: miezi mengine imeingia, mengine mitupu. Nikaambiwa iliyoingia haitoshi. Nikatoa slipu nikazipanga pale kaunta. Dada aliyekuwa ananihudumia alinionea huruma kweli, akaniambia slipu niziambatanishe na malalamiko ya maandishi, lakini kompyuta yake haioni fedha ambayo haikuletwa. Mtoto hakungoja awamu za tajiri.

Na mwenzetu mmoja wa bustani alifariki. Mkewe akaja hotelini na eda yake haijesha, anaulizia michango ya mumewe ili afuatilie mafao ya warithi. Alikuwa anapokelewa na mlinzi, anaambiwa meneja hayupo.

Kaka mwenye gesti, uchungu wako nimeusikia, na masika nayajua, nimeyala mimi pia. Lakini unasema makato hayakuwahi kuwepo kama fedha. Mbona kwenye slipu yameandikwa? Kama hukuwa na mshahara wangu kamili, ungeniita ukaniambia: binti, mwezi huu nina kasoro. Ningeamua mwenyewe nakaa au naondoka. Wewe umeandika kwamba umenilipa kamili, umenikata, na saini yangu umeichukua.

MwenyeGestiJambiani

Bi dada, hilo nimelisoma mara mbili. Sina jawabu lake la haraka.

MwanafunziTunguu

Nasoma sheria, naomba niwaletee mambo ya India, kwa sababu kule kesi za aina hii zimejaa na mahakama zimekwenda huku na huku mpaka mstari ukaanza kuonekana. Kwetu msingi ni sheria yetu wenyewe, msije mkaitaja hukumu ya Delhi mbele ya jaji wetu wa Zanzibar kama amri. Lakini fikra zake zinafaa.

Sheria yao ya mfuko wa akiba ya wafanyakazi ilikuwa ya 1952, mpaka sheria mpya ya hifadhi ya jamii ilipoanza Novemba 2025. Kwa sheria ile ya 1952, kwa kawaida mfanyakazi alikatwa 12% na muajiri naye akaweka 12%, na fedha ilitakiwa ifike si zaidi ya tarehe 15 ya mwezi unaofuata. Ikichelewa kulikuwa na riba ya 12% kwa mwaka, na juu yake fidia ya adhabu ambayo kisheria iliweza kupanda mpaka ikalingana na deni lenyewe. Mfuko una nguvu ya kwenda moja kwa moja kwenye akaunti ya benki ya muajiri. Ndiyo maana wanakimbilia mahakamani.

Nafuu ilikuwepo, na iliwekewa mlango. Kwa sheria ile ya 1952, muajiri aliyekata rufaa dhidi ya kiasi alichokadiriwa alikuwa hasikilizwi mpaka aweke kwanza 75% ya fedha hiyo. Baraza la rufaa liliweza kupunguza au kuondoa sharti hilo, lakini ilikuwa lazima liandike sababu. Mimi hapo ndipo nilipopapenda: huruma ya jaji lazima iandikwe, isomeke, ipingike.

Kuhusu adhabu, mwaka 1979 Mahakama ya Juu ya India ilikataa hoja kwamba kifungu hicho cha fidia ya adhabu kinapingana na katiba, katika kesi ya Organo Chemical Industries. Majaji wakaeleza kwamba fidia ile inaziba pengo la mfuko na pia inamtia hofu muajiri asirudie. Baadae kukawa na mvutano: je, lazima ithibitishwe kwamba muajiri alikusudia? Tarehe 23 Februari 2022 mahakama hiyo hiyo ikasema hapana, kushindwa kulipa kwenyewe kunatosha kumpasisha adhabu. Kwa upande wa pili serikali yao imelegeza kiwango. Zamani aliyechelewa zaidi ya miezi sita alipigwa 25% kwa mwaka, na Juni 2024 ikawa 1% kwa mwezi kwa wote. Na wakati wa kufungiwa kwa korona, mfuko wao ulitangaza Mei 2020 kwamba ucheleweshaji wa kipindi kile hautatozwa fidia ya adhabu. Angalieni vizuri walichosamehe. Adhabu. Michango yenyewe ilibaki pale pale inadaiwa.

Sasa hoja ya mleta uzi, kwamba fungu la mfanyakazi si mali ya muajiri. India wameifikisha mbali. Kanuni yao ya zamani ya adhabu, kifungu cha 405, ilisema muajiri anayekata mchango wa mfanyakazi anahesabika kuwa amekabidhiwa amana, na asipoufikisha ametenda kosa la jinai la kuvunja amana. Kanuni mpya iliyoanza Julai 2024 imelibakisha hilo. Na tarehe 12 Oktoba 2022, kwenye kesi ya kodi ya mapato ya kampuni ya Checkmate Services, Mahakama ya Juu iliyatenganisha mafungu mawili waziwazi. Waajiri walikuwa wamezoea kuchelewesha yote mawili, kisha wakayahesabu yote kama matumizi ya biashara ili kodi ipungue, na mahakama kuu kadhaa zilikuwa zikiwakubalia. Mahakama ya Juu ikasema: fungu lako wewe muajiri lina kanuni yake, lakini la mfanyakazi umelishika kwa niaba yake, likipitwa na tarehe ya sheria ya mfuko huna haki ya kulipunguzia kodi. Waajiri walilia sana na hukumu ile. Mimi naiona ni ya haki.

La mwisho kwa leo: kampuni ikifilisika kule, fedha ya mfuko wa wafanyakazi haiingizwi kwenye chungu cha kugawana wadai. Hutolewa kando. Benki haiigusi.

MaalimWaKojani

Mwenyezi Mungu awalipe kheri kwa mjadala wenye adabu. Naomba nichangie kwa ninachokijua.

Katika Suratul Baqara, aya ya 280, tumeamrishwa mdaiwa akiwa katika dhiki angojewe mpaka apate wasaa, na kumsamehe ni bora zaidi. Kwa hivyo mwenye gesti ana pa kusimamia, na anayetaka avunjiwe biashara yake kwa masika mawili mabaya hakumtendea insafu. Lakini Mtume, rehema na amani zimshukie, kasema pia kwamba kuchelewesha kwa mwenye uwezo ni dhulma. Hadithi hiyo wameipokea Bukhari na Muslim. Basi kazi ya kwanza ya kadhi au jaji ni kujua aliye mbele yake ni yupi kati ya hao wawili. Mwenye dhiki aoneshe dhiki yake. Aliyenunua boti mpya mwaka ule ule aliosema hana, huyo dhiki yake iko wapi?

Jengine, na hili naliona halijaguswa. Aya inapomwambia mdai angoje na asamehe, inamwambia mdai. Msamaha ni wa mwenye haki. Mimi siwezi kukusamehe deni la Juma. Makato ya mfanyakazi mwenye haki nayo ni mfanyakazi, basi si mfuko wala mahakama yenye ruhusa ya kuyasamehe kwa niaba yake bila ya yeye kujua. Na hayo makato tukiyaita amana, kama alivyosema kijana wa Tunguu, hata aya ya kungoja haiyahusu. Tunakwenda Suratun Nisaa, aya ya 58: amana zirudishwe kwa wenyewe. Amana hairudishwi kwa awamu.

Kwenye faini nina dukuduku. Nyongeza juu ya deni kwa sababu ya muda ni jambo ambalo wanazuoni wengi wanalikimbia kwa kuchelea riba. Benki za kiislamu zinapomtoza aliyechelewa, kwa kawaida fedha ile hupelekwa kwenye sadaka, haiingii kwenye faida ya benki. Ingefaa mifuko yetu iliangalie hilo.

MhasibuWaChake

Nashukuru sana. Maalim, hapo pa "msamaha ni wa mwenye haki" umenipa maneno niliyokuwa nayatafuta.

Nijibu dukuduku lako kwa upande wa hesabu tu, fatwa nakuachia wewe. Fedha ya mfuko haikai kwenye sanduku. Inawekezwa. Michenzani Mall kule Unguja mjini ni ya mfuko, kiwanja cha kufurahishia watoto Tibirinzi pale kwetu ni cha mfuko. Mchango uliotakiwa uingie Januari ukaingia baada ya miaka miwili, ile miaka miwili haikufanya kazi yoyote kwa ajili ya mwanachama. Hasara ile ni ya kweli na lazima mtu aibebe. Kama asiibebe muajiri, wataibeba wanachama wote, pamoja na wale ambao waajiri wao walilipa kwa wakati. Mimi naona nyongeza igawanywe: sehemu inayoziba hasara ya mwanachama isiguswe, ile iliyobaki ambayo ni bakora tu, hiyo jaji ana nafasi ya kuipunguza kwa mwenye dhiki. India wanafanya hivyo hivyo kwa kuweka riba mbali na fidia ya adhabu.

Ndugu yangu mwenye gesti, nimekaa na hoja yako ya fedha ambayo haikuwepo. Ni hoja ya kweli kwenye mtiririko wa fedha, lakini kisheria na kihesabu inakwenda kinyume na wewe. Mshahara mzima ndio gharama yako ya kazi. Ukiwa nao sehemu tu, basi umemlipa mtu sehemu ya mshahara, na deni la mshahara ni deni la mshahara, kwetu lina njia yake: Sheria ya Ajira Namba 11 ya 2005, kitengo cha kushughulikia migogoro ya kazi, kisha Mahakama ya Kazi. Ukiandika makato bila ya kuyapeleka, deni la mshahara umeligeuza jina, na mwenye kudai umembadilisha. Alikuwa ni BintiKikwajuni anayekujua kwa sura, sasa ni mfuko ulioko mjini. Na yeye hata hajui kwamba anadai. Hapa ndipo panaponikera kuliko faini zote.

Kuhusu akaunti kuzuiwa, nakubaliana nawe moja kwa moja. Kuifunga biashara inayoweza kulipa ni kupoteza kila kitu. Lakini uangalie nafuu unayoiomba. Ukiomba "msinifungie, hii hapa fedha yote ya makato ya wafanyakazi, fungu langu nipeni awamu, na faini mnifikirie kwa sababu ya 2020, hesabu zangu hizi hapa", sidhani kama kuna jaji muadilifu atakayekufukuza. Ninaowapinga ni wale wanaokwenda na ombi moja la jumla, simamisha kila kitu mpaka kesi iishe, na kesi inaahirishwa, inaahirishwa, mpaka mlinzi wa geti anafika miaka sitini na taarifa yake ni nusu tupu.

MzeeWaWete

Nimestaafu. Nawasoma kimya tangu asubuhi.

Wengine huko mbele wataandika kwamba waajiri hawa wafungwe. Muajiri akifungwa mimi sipati pencheni. Nataka michango yangu.

Na wale wanaosema kwani wazee si wanapewa na serikali: pencheni jamii ilianza Aprili 2016 kwa shilingi 20,000 kwa mwezi, kwa aliyefika miaka sabini, na baadae ikapandishwa mpaka 50,000. Tunaishukuru, na wako wazee ambao ndiyo pekee waliyonayo. Lakini ile ni ya kila mzee, hata ambaye hakukatwa senti. Haiwezi kuwa jawabu kwa mtu aliyekatwa maisha yake yote ya kazi. Na kutoka sitini hadi sabini pana miaka kumi. Ale nini hapo katikati?

MwanafunziTunguu

Mzee wetu, shikamoo. Afrika Kusini wamejaribu njia iliyo kati ya jela na msamaha. Sheria yao ya mifuko ya pencheni, kifungu cha 13A, inamtaka muajiri afikishe michango ndani ya siku saba baada ya mwezi kwisha, na tangu mabadiliko yaliyoanza 2014 wakurugenzi wanaohusika na fedha za kampuni wanaweza kudaiwa wao wenyewe binafsi. Kwa hivyo mtu hawezi kuiacha kampuni ikafa na deni, akafungua nyengine mtaa wa pili kwa jina jipya. Hilo la kubadilisha jina hapa kwetu pwani sote tunalijua.

MzeeWaWete

Marahaba. Hilo zuri.

MwenyeGestiJambiani

Nimerudi. Nimezungumza na mke wangu, ambaye ndiye anayeshika daftari letu, na tumelichukua jambo hili kwa uzito.

Mhasibu, niambie kwa vitendo. Sina kesi bado, na sitaki nifike huko. Nina malimbikizo, msimu ndio unaanza, fedha itaanza kuingia. Nianzie wapi? Wakili mmoja kaniambia nisubiri mpaka niletewe hati ya madai, ndiyo niombe nafuu, kwa sababu nikijipeleka mwenyewe nimekiri.

MhasibuWaChake

Kukiri nini, na slipu zako zimeshakiri kila mwezi? Samahani nimeandika kwa ukali, lakini ushauri huo umewaponza watu. Anayejipeleka anazungumzia ratiba ya kulipa. Anayengoja hati anazungumzia faini, gharama za kesi na wakili yule yule.

Kaeni na mke wako mtoe orodha ya kila mfanyakazi, mwezi kwa mwezi, mshahara kamili, makato, fungu lako. Msiandike jumla. Jumla haimsaidii mtu, kwa sababu mfuko ukipokea fedha bila ya majina na miezi, haijulikani iingie kwenye hesabu ya nani. Nimeona malipo makubwa yamekaa bila kugawiwa kwa sababu ya karatasi mbovu, na muajiri anaapa kwamba kalipa.

Fedha ya kwanza ya msimu ilipe makato ya wafanyakazi yote, kuanzia mwezi wa zamani zaidi, na uandike kwenye barua kwamba malipo haya ni ya makato ya miezi hii na hii. Usiache mtu mwengine aamue yaingie kwenye faini kwanza. Walioacha kazi nao uwaweke kwenye orodha, na ndio wa kuanza nao, kwa sababu hao hawapo kukukumbusha. Fungu lako liombee awamu kwa maandishi, na awamu zifuate msimu: kubwa Julai mpaka Septemba na Disemba mpaka Februari, ndogo au hakuna kabisa kwenye masika. Ratiba inayolingana na mapato yako utaitimiza. Ukijitia ushujaa ukaahidi kiasi kimoja kila mwezi, Mei utaanguka, na mara ya pili hakuna atakayekuamini, awe mfuko au jaji. Na kuanzia mwezi huu makato yaondoke siku ile ile ya mshahara, kwa akaunti ya peke yake ambayo haina kadi.

Kisha waite wafanyakazi wako uwaambie. Hiyo ndiyo ngumu.

MwenyeGestiJambiani

Hiyo ndiyo ngumu, kweli. Nitafanya Ijumaa baada ya sala.

BintiKikwajuni

Kaka, ukifanya hilo utakuwa wa kwanza ninayemsikia. Allah akufanyie wepesi.

Mhasibu, na sisi je? Sehemu ninayofanya kazi sasa sijui kama wanapeleka au la. Na slipu zangu za ile hoteli ya zamani sizo zote, nyengine zimerowa tulipohama. Nitawezaje kudai miezi ambayo sina karatasi?

MhasibuWaChake

Bi dada, usingoje mpaka uwe na shida ndiyo uende. Nenda na kitambulisho na namba yako ya uanachama, uombe taarifa ya michango, uifanye desturi kuiomba kila baada ya miezi michache. Pengo la miezi miwili linazungumzika. Pengo la miaka mitano muajiri keshauza hoteli.

Kwa miezi ambayo slipu zimepotea, tafuta vitu viwili: mkataba wako wa kazi na taarifa ya benki ya kipindi kile. Mkataba unaonesha mshahara kamili. Benki inaonesha kilichoingia. Ukitoa kodi ya mshahara, pengo lililobaki kila mwezi likilingana na kiwango cha mchango wa wakati huo, huo ni ushahidi kwamba ulikatwa. Kama ulilipwa mkononi, daftari la saini la hoteli ndilo la kulitaka, na kitengo cha migogoro kinaweza kumtaka muajiri alilete. Wenzako mliofanya kazi pamoja waulize nani kabakisha slipu, maana mwezi mmoja wa mwenzako unaonesha utaratibu wa hoteli nzima. Andikeni malalamiko kwa pamoja, mfuko ukayapokee kwa muhuri, mbaki na nakala. Ile hoteli ikienda mahakamani kuomba nafuu, majina yenu yatakuwa tayari yako kwenye faili.

BintiKikwajuni

Mkataba ninao. Benki nitakwenda Jumatatu. Yule mjane wa bustani nitamtafuta twende sote, nadhani bado anakaa Fuoni.